Aliyeyauliza Maneno Kwao ni Wapi

Tarehe thelathini ya mwezi huu, Mhariri wa Asili za Maneno katika Kamusi ya Kiingereza anastaafu, baada ya kuitumikia ofisi hii miaka thelathini na saba na miezi miwili. Aliingia ana miaka ishirini na mitatu, anatoka ana sitini, na katika muda wote huo amekosa kazini siku kumi na moja tu: tisa kwa malaria na mbili kwa msiba wa baba yake. Hesabu hiyo imetoka kwenye faili, siyo kwangu. Ingekuwa yangu ningesema tisa, maana siku mbili za mwisho za malaria alikuwa anasahihisha akiwa kitandani.

Wasomaji wa jarida hili mmezoea wasifu wa mstaafu kuandikwa na mfanyakazi aliyeanza naye kazi. Mara hii imeshindikana. Walioanza naye walikuwa watatu: mmoja alihama, wawili Mungu amewachukua. Waliobaki ofisini ni vijana aliowafundisha yeye, na wote wanamwogopa. Basi katibu muhtasi akanipigia simu mimi, mama yake mzazi, kuniuliza mstaafu alisoma wapi na anapenda nini. Nikamwambia, "Mjukuu wangu, hayo niachie, nitaandika mwenyewe." Akasema, "Sawa Bibi, lakini zisizidi kurasa mbili." Kurasa mbili! Uchungu wa kumzaa peke yake ulichukua siku mbili.

Elimu yangu ni darasa la nne, na nimekanda unga kwenye kiwanda cha mikate miaka thelathini na mmoja. Kwa hiyo atakayekuta kosa la nukta aniwie radhi. Atakayekuta majivuno asihangaike kuniwia radhi, nimeyaweka kwa makusudi.

Ninaandika pia kwa haja yangu. Siku alipoondoka nyumbani kuja kuanza kazi hapa, yeye ameshika sanduku na mimi nimeshika kanga mdomoni nisilie, aliniambia, "Mama, kamusi hii ni ya miaka mitano. Ikiisha narudi, tukae wote." Nikamjibu, "Miaka mitano ni nini? Hata mguu haujafa ganzi." Miaka mitano hiyo ndiyo hii thelathini na saba. Mimi sasa nina themanini, naishi mwendo wa saa sita kwa basi kutoka hapa, na sijaacha kumngoja hata siku moja. Msomaji alijue hilo tangu mwanzo, asije akadhani nimekuja kusifu tu.

Chumba chake cha kazi kiko ghorofa ya tatu, mlango wa mwisho kushoto, baada ya ngazi zinazommaliza mtu pumzi. Ndani mna meza mbili, kabati zenye droo arobaini na moja, na dirisha lisilofunga vizuri lililozibwa kwa gazeti lililokunjwa. Kila droo imejaa kadi za ukubwa wa kiganja. Kompyuta zimekuja, zimewekwa, zimebadilishwa mara nne, lakini kadi hazijaondoka. Binti yangu anasema umeme ukikatika kadi haizimiki.

Kila neno la Kiingereza lina kadi yake. Juu limeandikwa neno, katikati maana yake kwa Kiswahili, na chini kabisa kuna mstari mmoja: neno hili limetoka wapi. Mstari huo wa chini ndio maisha ya mwanangu. Na sheria yake ni moja, hailegei kwa mkubwa wala kwa mdogo. Asili ya neno haipandi kwenye kamusi mpaka iwe na mashahidi watatu, yaani maandishi matatu ya zamani ambayo hayakunakiliana. Wakitimia watatu, anaandika kwa kalamu. Wasipotimia, hata hadithi iwe tamu kama asali, anaandika kwa penseli: "Asili haijulikani." Ndiyo maana ofisi nzima inamwita Bibi Ushahidi. Nasikia mhudumu wa chai alimwambia siku moja kwamba sukari imekwisha, na kabla hajaulizwa akaweka kopo tupu mezani.

Tabia hiyo hakuitoa kwa mwingine. Alipokuwa mdogo nilikuwa nikimtuma chumvi, anarudi na maswali. "Mama, kwa nini mkate unaitwa mkate?"

"Kwa sababu ukiuita jiwe hakuna atakayeununua."

"Na nani aliuita hivyo kwanza?"

"Aliyekuwa na njaa. Leta chumvi."

Kamusi yake ya kwanza niliipata mimi. Karani wa kiwanda chetu alikuwa na kamusi ya Kiingereza iliyolowa mvua ikatupwa, nami nikaiokota nikidhani itafaa kuwashia jiko. Mtoto akanipokonya. Haikuwa na jalada wala kurasa za mwanzo, ilianzia herufi ya D. Mwaka mzima mwanangu alijua Kiingereza cha punda, cha tembo na cha wino, lakini cha mkate hakijui, na sisi tunalala na kuamka ndani ya mikate. Mwalimu wake wa darasa la tano alinifuata mpaka nyumbani: "Mama, mtoto wako ana Kiingereza kikubwa, ila kimekatwa kichwa."

Usaili wake hapa ni habari inayojulikana mpaka kwenye korido. Mhariri mkuu wa kwanza, Mungu amrehemu, aliwauliza vijana tisa swali moja: neno la Kiingereza la mbwa, dog, limetoka wapi? Wanane walijibu kwa ufasaha, kila mmoja na hadithi yake, na mmoja alifika hadi kubweka. Binti yangu alisema, "Sijui. Na nimesoma kwamba hata wenyewe hawajui." Akarudi nyumbani analia. Nikamfuta machozi: "Basi mwanangu, mbwa amekula kazi, tutatafuta nyingine." Wiki mbili baadaye ikaja barua kwamba ameajiriwa. Kumbe ni kweli hata wenyewe hawajui. Mbwa wanaye, neno wanalo, lakini hakuna aliyeliona likiingia mlangoni.

Miaka mitano ya kwanza ilitoka kamusi ndogo ya shule. Nikafagia chumba chake. Akaandika barua: "Mama, wameamua tufanye toleo kubwa kidogo." Nikasema kidogo si neno baya. Na kadi haziruhusiwi kutoka nje ya jengo, kwa hiyo hakuweza kuja kufanyia kazi nyumbani. Nikawa nampata siku ishirini na nane kwa mwaka, za likizo, na katika hizo nane za mwisho alikuwa ameshaanza kutazama kalenda.

Alikuja na maneno badala ya zawadi. Tukikaa kwenye ngazi ya jikoni ananipa moja moja, kama mtu anayemenyea mwenzake njugu. Aliniambia kwamba window, dirisha, asili yake ni jicho la upepo, na kwamba Waingereza walilipata kwa watu wa nchi za baridi waliokuja kwao kwa merikebu. Tangu siku hiyo sikai dirishani, nakaa kwenye jicho la upepo, na kutoka hapo naona mpaka kituo cha basi. Aliniambia muscle, misuli, maana yake ya kale ni panya mdogo. Nikaukunja mkono wangu wa kukandia unga, nikamwambia, "Huyu wangu si mdogo, huyu ni buku."

Lakini lililonifurahisha kuliko yote ni lady. Leo wanamwita hivyo mwanamke wa heshima, mwenye kofia na mkoba. Katika Kiingereza cha kale kabisa lilikuwa jina la mwanamke anayekanda mkate. Nilimwambia alirudie mara tatu. Kisha nikatoka uani nikamwita jirani yangu wa ukuta mmoja: "Shoga, kuanzia leo mimi ni lady, na ushahidi upo!" Akanijibu bila kuinua kichwa, "Haya lady, maji yako yanamwagika huko."

Na liko neno letu wenyewe. Safari, ambalo sisi tulilipata kwa Waarabu, lilitoka kwetu likaenda kwa Waingereza, likakaa huko, likaota mizizi. Sasa kwao maana yake ni kwenda kutazama wanyama. Mimi nikienda zahanati na goti langu, kwao siyo safari. Nilicheka, halafu nikamwambia, "Na wewe usije ukakaa huko hata ukirudi nisikutambue." Yeye hakucheka. Alinishika mkono, akaendelea kuushika mpaka basi lilipokuja.

Hakuolewa, na siyo kwamba hakuposwa. Walikuja wawili. Wa kwanza alimwambia amempenda tangu zamani, naye akamuuliza, "Tangu lini hasa, na nani alikuwepo?" Wa pili aliwahi kusikia habari za wa kwanza, akaja na barua tatu kama mashahidi. Bahati mbaya zote zilikuwa na mwandiko mmoja.

Sasa niseme kosa lake, maana wasifu usio na kosa ni tangazo la biashara. Alikuwa na miaka thelathini na mmoja. Toleo kubwa lilikuwa linakwenda kiwanda cha uchapaji, mhariri mkuu amelazwa, na yeye ndiye aliyebaki na ufunguo wa chumba. Waingereza mvua ikiwa kubwa husema inanyesha paka na mbwa. Akapata kitabu kimoja, kimoja tu, kinachodai kwamba zamani paka na mbwa walilala juu ya mapaa ya nyasi, na mvua ikizidi wakiteleza na kuanguka chini. Alikuwa amechoka, hadithi ilikuwa nzuri, na gari la kiwanda lilikuwa linanguruma mlangoni. Akaiandika kwa kalamu.

Zilichapwa nakala elfu nne. Mwezi wa pili ikaja barua ya mwalimu mmoja wa shule ya mbali: "Mhariri, umewahi kumwona mbwa amelala juu ya paa? Ushahidi uko wapi?" Swali lake mwenyewe limemrudia. Akatafuta wiki tatu, hakupata hata shahidi wa pili. Mhariri mkuu, akiwa bado na bandeji, alimwambia, "Iache, binti. Ni mistari miwili ndani ya kurasa mia tisa. Nani ataiona?" Akajibu, "Mimi."

Aliomba zichapwe karatasi ndogo zenye maneno mawili, "Asili haijulikani", zibandikwe juu ya hadithi ile katika kila nakala. Nakala elfu mbili na mia sita zilikuwa bado ghalani. Zilizobaki zilikuwa zimeshasambaa mashuleni, na kila shule akaiandikia barua kwa mkono wake, akiweka karatasi ndani ya bahasha. Lakini gundi ya dukani iliukunja ukurasa ukawa kama sikio la mzee. Ndipo akanipigia simu kiwandani. Mara ya kwanza maishani mwake kuniomba kitu. "Mama, gundi ya unga inapikwaje?"

Sikumwambia inapikwaje. Niliomba ruhusa, nikapanda basi na mfuko wa unga. Nilikoroga gundi kwenye jiko la mhudumu wa chai, nyepesi kama uji wa mgonjwa, nikaichemsha na majani ya mwarobaini ili mende wasije wakala Kiingereza cha watu. Tulikaa sakafuni wiki tatu, mimi napaka, yeye anabandika, mhudumu wa chai anapanga. Mchana tulikula mkate kwa chai. Jioni tulipanda kwenye chumba chake cha kupanga, tukalala kitanda kimoja kama alipokuwa mchanga, na asubuhi vidole vyetu vilikuwa vimegandana na shuka. Mungu anisamehe, siku tulipomaliza nakala ya mwisho nilikaa ndani ya basi nikaomba afanye kosa jingine.

Hakufanya. Lakini mkitaka kuhakikisha kazi yangu, fungueni nakala yoyote ya toleo lile, ukurasa wa mia sita na kumi na mbili. Karatasi haijabanduka. Huo ndio mchango wangu katika lugha ya Kiingereza.

Tangu hapo kazi zake mnazijua kuliko mimi. Amefundisha wahariri kumi na wanne. Toleo lililofuata aliliondolea hadithi tamu mia tatu na sita ambazo hazikuwa na mashahidi, na wasomaji wakalalamika kwamba kamusi imepungua utamu. Kila mwanafunzi aliyeandika barua kuuliza neno amejibiwa, hata yule aliyeuliza matusi. Ana vyeti vitatu vya utumishi bora. Nimevitundika sebuleni, cha tatu kinaziba ufa.

Na miaka kumi na mmoja sasa yuko kwenye Kamusi Kubwa ya Asili, ambayo haina kazi nyingine ila kueleza kila neno la Kiingereza kwao ni wapi. Amefika mwisho wa V. Zimebaki W, X, Y na Z. Ameniambia X, Y na Z ni watoto, W ndiyo mtu mzima.

Miezi miwili iliyopita alikuja likizo yake ya mwisho. Tulikuwa tunapeta mchele, akasema bila kuniangalia, "Mama, tarehe moja narudi nyumbani. Narudi moja kwa moja." Nilipiga kigelegele hadi jirani akaja mbio na ndoo akidhani nyumba inaungua. Nilimwambia, "Zima moto wako, shoga, mwanangu anarudi!" Naye akaketi na ndoo yake, tukalia wote wawili.

Wiki tatu zilizopita nikaja mjini kutibiwa macho. Baada ya hospitali binti yangu alinikalisha kwenye kiti kando ya kabati zake, nimewekewa dawa ya matone, nimeambiwa nifumbe macho saa nzima. Mkurugenzi akaingia. Nadhani waliona nimesinzia.

"Dada," akasema Mkurugenzi, "barua yangu ina mwezi mzima mezani kwako."

"Nilikujibu kwa mdomo. Hapana."

"Ni mkataba wa miaka miwili tu. W ukiiacha wewe, nani ataifunga?"

"Vijana wapo."

"Vijana jana wameniletea neno lenye shahidi mmoja. Tena shahidi mwenyewe wamemkuta kwenye simu."

"Watajifunza. Mimi pia nilibandika karatasi elfu mbili na mia sita." Halafu sauti yake ikashuka. "Mama yangu amengoja vya kutosha. Ana miaka themanini. Siwezi kumwangalia usoni nikamwambia tena, miaka miwili."

Nikasikia Mkurugenzi akitoka, mlango ukafungwa. Nikafumbua jicho moja, hospitali itanisamehe. Niliona ukungu tu, lakini mwanangu nitamwona hata ndani ya ukungu. Alivuta droo ya W, akatoa kadi, akaisoma, akairudisha. Akaisukuma droo ikafunga. Mkono wake haukuondoka. Ulibaki pale juu ya mbao, umelala, kama mkono wa mama unaopima homa ya mtoto.

Naujua mkono ule. Mimi kiwanda kilininunulia mashine ya kukandia, nikaambiwa niende nyumbani siku ya Jumanne, saa nne asubuhi, donge liko kwenye beseni nimelifunika kitambaa na bado halijaumuka. Kila mtu alinipongeza kwa kupumzika. Mwaka mzima usingizini nilikuwa nakanda shuka. Mpaka leo nikipita karibu na harufu ya hamira nasimama, najiuliza donge lile liliumuka au halikuumuka, na nani alilitia kwenye tanuri. Hilo sijapata kumwambia mtu. Nalisema kwenye jarida la ofisi ya watu.

Jioni tukiwa chumbani kwake nilimwambia, "Saini ile barua."

"Barua gani?"

"Usinifanye mjinga. Nimewekewa dawa ya macho, siyo ya masikio."

Akaweka kikombe chini. "Mama, una miaka themanini."

"Najua. Nilikuwepo yote."

"Na ukiondoka kabla sijafika Z?"

"Utakuja kuzika, kisha utarudi kumalizia. Unadhani ukirudi sasa nitakupata? Nitapata mwili unapeta mchele, roho iko ndani ya droo. Huyo mtu nimekaa naye kila likizo, zile siku nane za mwisho. Namjua. Simtaki."

"Nilikuahidi."

"Uliahidi ikiisha. Imeisha?"

Akasema chai imepoa, akainuka kuipasha, akakaa jikoni muda mrefu kuliko chai inavyohitaji. Alipotoka alisema neno moja tu, "Hapana," na macho yamevimba. Ukaidi huo nao hakuutoa kwa mwingine.

Mpaka ninapoandika haya hajasaini. Lakini katibu muhtasi amenieleza mila ya ofisi hii, kwamba mstaafu haonyeshwi wasifu wake mpaka siku ya sherehe, ukiwa umeshachapwa na kila mtu anao mkononi. Binti yangu hataweza kuukata kwa penseli. Na barua ile ya mkataba, Mkurugenzi, usiitafute mezani kwake. Niliichukua mimi asubuhi ya kuondoka, nilipopita ofisini kuaga. Anayo katibu muhtasi, pamoja na kalamu, na nimemwagiza akae kiti cha nyuma ya mstaafu.

Basi sherehe iwe palepale. Mstaafu amestaafu kwa heshima, na ofisi impe zawadi zake. Nawashukuru kwa kunitunzia mtoto miaka yote hii, kwa kumpandishia uji ghorofa ya tatu alipougua, na kwa kumwogopa bila kumchukia. Sina masharti. Nina ombi moja tu: Ijumaa ya mwisho ya kila mwezi mfungulieni mapema, awahi basi la saa sita mchana, maana linalofuata hufika nimeshalala.

Mwanangu, wenzako hapa watakutakia mapumziko mema, nawe uwaitikie kwa adabu. Mimi nakutakia W. Uitafutie mashahidi wake wote, mmoja mmoja, usiikimbize kwa ajili yangu. Chumba chako nimekipaka rangi wiki iliyopita, kijani hafifu, na kitanda nimekigeuza kitazame mlango. Vyote viwili havina haraka. Kungoja nako ni kazi, mwanangu, nami sijastaafu.

Mama yake mzazi